Dimitra, meya wa Zacharo au Panagiotis wa Elefsina: dokumentari za Kigiriki uanze na nani

Ukimwambia mtu sinema ya Ugiriki siku hizi atakutajia dairekta Lanthimos na wale watu wake wanaoongea kama wamemeza mashine, basi, hapo ndo mwisho. Sio vibaya, jamaa anajua kazi. Ila kuna upande mwingine wa kule ambao haupigiwi kelele kabisa, dokumentari zile za kutazama tu, dairekta anachukua kamera anaenda kukaa na mtu, mwezi, mwaka, miaka, hana skripti, hamwambii mtu rudia hiyo sentensi taa haikukaa vizuri, anasubiri maisha yapite mbele yake na kamera iko on. Na humo kuna watu wanaibeba muvi nzima kuliko mastaa kibao wa kulipwa.

Mimi hao nawahesabu ni waigizaji kabisa hata kama hawajawahi kukanyaga chuo cha sanaa, maana kukaa mbele ya lenzi mwaka wa kwanza hadi wa kumi bila kuganda na bila kumchosha mtu aliyelipa tiketi, hiyo ni kazi, jaribu wewe kurekodiwa ukiwa unaosha vyombo uone mikono inavyoanza kuwa ya mtu mwingine.

Sasa kama hujawahi kuzigusa na unataka pa kuanzia, naweka watatu mezani. Wa kwanza ni Dimitra, kwenye muvi ya Eva Stefani ya 2021, "Meres kai nychtes tis Dimitras K.", yaani siku na usiku za Dimitra K. Wa pili ni meya wa mji wa Zacharo kwenye "Sugartown" ya Kimon Tsakiris, 2006. Wa tatu ni Panagiotis, mzee wa mitaani wa Elefsina kwenye "Agelastos Petra" ya Filippos Koutsaftis, 2000. Zipo nyingine nzuri tu, mbili ntazigusa huko chini, ila hawa watatu ukiwapanga pamoja unaona vizuri kila mmoja anafanya nini na kamera, na hapo ndo utajua yupi anakufaa.

Kipimo changu ni kimoja. Mwigizaji wa kawaida unamhesabia kazi kwa idadi ya muvi, alicheza hii, akaja hii, akachukua tuzo kwenye ile. Mtu wa dokumentari hana role ya pili. Anayo moja tu, ya kwake, kwa hiyo career yake unaipima kwa urefu, kamera ilikaa naye muda gani na yeye alikuwa anajua nini kuhusu hiyo kamera. Ukishika hapo mengine yanajipanga yenyewe.

Tuanze na Dimitra kwa sababu ndiye ninayempenda zaidi, sifichi. Huyu mama ana danguro Athens, na amekuwa kiongozi wa chama cha wanaofanya biashara ya ngono Ugiriki, ndio, wana chama, na biashara yenyewe iko kisheria, kuna sheria namba 2734 ya 1999 inayosema nani anaruhusiwa na wapi, na imejaa masharti mpaka unashangaa hiyo ruhusa ni ya nani hasa. Kwa hiyo usitegemee yule kahaba wa muvi za kawaida, analia kwenye kioo halafu anaokolewa na mwanaume mwenye gari. Huyu ni mwenye biashara, mwenye chama, anajua vifungu, anajua kodi, anajua wanasiasa, na ana mdomo. Mtu ambaye kazi yake maisha yote imekuwa kumsoma mtu akiwa bado mlangoni, unadhani kamera itamsumbua? Aliisoma siku ya kwanza akaizoea.

Na Stefani alikaa naye kama miaka 12. Fikiria hapo. Hiyo miaka ndo ileile Ugiriki ilikuwa inaanguka, mkopo wa kwanza wa kuokoa nchi 2010, kisha 2015 benki zinafungwa na watu wanapanga foleni kutoa euro 60 kwa siku, halafu korona ikaja kumalizia. Dokumentari ya kawaida ingeleta mchumi mwenye tai akueleze hayo yote na grafu nyuma yake. Hapa hakuna mchumi. Unamwona mwanamke mmoja anazeeka, unaona mtaa unabadilika nje ya dirisha lake, na wewe unaunganisha.

Kitu cha kuangalia kwa makini hapa ni sauti. Stefani anapiga picha mwenyewe, hana jeshi la watu, na ukisikiliza utamsikia yupo, kamera inaongea, Dimitra anamjibu mtu aliye nyuma ya lenzi, anamwambia kitu kama unavyomwambia rafiki aliyekuja kukaa jikoni. Wengine wanasema hiyo inaharibu, dokumentari ya kutazama inatakiwa dairekta ajifiche kama hayupo. Mimi naona ni kinyume, kujifanya hupo wakati upo ndo uongo wenyewe. Stefani alipita Ateliers Varan pale Paris, ile shule iliyotoka kwa Jean Rouch, dairekta Mfaransa wa dokumentari, na Rouch tangu miaka ya 60 alikuwa anasema wazi kamera ikiingia chumbani watu wanabadilika na hapo ndo mambo yanaanza. Kwa hiyo Dimitra akicheza kidogo kwa ajili ya kamera, akitia chumvi, akijua kabisa hapa nimependeza, hiyo haipunguzi ukweli, hiyo ndo tabia yake halisi, ni mwanamke ambaye kazi yake ni kujionyesha na kujificha kwa wakati mmoja. Baada ya muda unaanza kuona lini ameshusha pazia na lini amelipandisha, na hayo ndo masomo ya uigizaji ambayo hakuna mwalimu wa darasani atakupa.

Ubaya wake? Haina hadithi ya kukuvuta kwa kamba. Hakuna kesi ya kushinda, hakuna siri inayofichuka mwishoni. Kama wewe ni wa kuuliza "sasa inaenda wapi hii" kila dakika kumi, utaichoka kabla haijakulipa. Na usiweke sebuleni watoto wakiwepo, nadhani hilo halihitaji maelezo.

Meya wa Zacharo ni mnyama mwingine. Zacharo ni mji mdogo magharibi ya Peloponnese, ile rasi kubwa ya kusini ya Ugiriki, mashamba, bahari, na tatizo moja kubwa, wanawake wameondoka. Wasichana wakimaliza shule wanaenda mjini na hawarudi, wanaume wamebaki na mashamba na mama zao. Meya akaona hiyo ni ajenda, akaahidi kuwatafutia wake, na hakuishia kwenye jukwaa la kampeni, aliwabeba makapera wa mji wake kweli akawapeleka Klin, mji wa Urusi karibu na Moscow, wakaonane na wanawake wa huko. Tsakiris akaenda nao na kamera.

Unaona tofauti mara moja. Dimitra anaijua kamera kama mtu, meya anaijua kama mkutano wa hadhara. Yule ni mwanasiasa, yuko jukwaani toka asubuhi, mkono uko tayari kushikwa na tabasamu liko tayari kutolewa, hata akinywa kahawa anakunywa kwa niaba ya wananchi. Mwanzoni unacheka, na muvi inataka ucheke. Baadaye unaanza kuwaangalia wale makapera waliokaa pembeni yake, watu wazima wakulima, wamevaa vizuri, hawajui waweke wapi mikono, wanazungumza na wanawake kwa msaada wa mkalimani, na pale kicheko kinakukaa vibaya kooni. Wao ndo hawajui kuigiza. Meya anaigiza kwa ajili yao wote na wao wanabaki uchi mbele ya lenzi, na dairekta mwenye akili anajua akate lini kutoka kwa mmoja kwenda kwa wengine.

Hapa nina lawama kidogo. Kuna sehemu najiuliza kama wale wanaume walielewa watakavyoonekana kwenye skrini kubwa ya tamasha la Thessaloniki mbele ya watu wa mjini. Mwanasiasa akichekwa ni sehemu ya mshahara wake. Mkulima wa miaka hamsini anayetafuta mke, sijui. Lakini hilo ndo linaifanya iwe muvi ya kuangalia na watu, maana lazima mtabishana, wengine watasema meya ni tapeli, wengine watasema angalau kafanya kitu, wengine wataanza kuuliza na hao wanawake wa Klin wao walitaka nini. Ukiangalia peke yako unabaki na hoja zote kichwani huna wa kumtupia.

Halafu meya ana kitu ambacho wengine hawana, alipata muvi ya pili. Agosti 2007 moto mkubwa ukapita Peloponnese, ukaua makumi ya watu, na eneo la Zacharo ni kati ya yaliyoumia vibaya sana. Tsakiris akarudi. Sasa yule mtu wa vichekesho na maharusi anasimama kwenye majivu na kamera ni ileile, mji ni uleule, na wewe mtazamaji unamwangalia kwa macho mengine kabisa. Ukizipata zote mbili ziangalie kwa mfuatano, usianze na ya moto.

Panagiotis ndo mgumu kumuelezea. Elefsina iko kama kilomita 20 magharibi ya Athens. Zamani ndo kulikuwa na ibada za siri za Demeter, mungu wa kike wa mavuno, na binti yake, watu wanatoka Athens kwa miguu kwenda kuingizwa kwenye siri ambayo mpaka leo hakuna aliyeitoa yote. Karne ya 20 wakaweka kiwanda cha saruji, cha chuma, kiwanda cha kusafisha mafuta, na meli mbovu zimelala baharini zinaoza. Wakimbizi Wagiriki wa 1922 kutoka Asia Ndogo, yaani Uturuki ya leo, walipewa pa kukaa hukohuko. Ukichimba msingi wa nyumba unakutana na kaburi. Mji wenyewe ni muvi.

Koutsaftis kwa kazi yake ni mpiga picha wa sinema, na alianza kurekodi Elefsina 1988, akamaliza karibu miaka 12 baadaye. Panagiotis ni mtu asiye na makazi ya kueleweka, anazurura mji mzima, na kazi aliyojipa mwenyewe ni kuokota. Wakichimba mahali, tingatinga likimwaga udongo, yeye anapita nyuma anatafuta vipande vya kale, kigae, jiwe lenye maandishi, anavipeleka kwenye eneo la magofu vinapotakiwa kuwa. Hakuna aliyemtuma, hakuna aliyemlipa. Tena ukijua historia ya pale unamuelewa zaidi. Mwaka 1801 Mwingereza mmoja, Clarke, alilibeba sanamu kubwa la mawe la mwanamke ambalo wanakijiji walikuwa wanalirundikia mbolea kila msimu wakiamini ndilo linaleta mavuno, walimsihi asiondoke nalo, akaondoka nalo, leo liko Cambridge. Miaka karibu mia mbili baadaye kuna mzee wa mtaani anarudisha vipande vidogovidogo kwa mkono.

Na huyu haigizi. Kabisa. Dimitra anajua anaonekana, meya anataka kuonekana, Panagiotis anapita tu, kamera ikiwepo sawa isipokuwepo sawa. Kwa sababu hiyo Koutsaftis anafanya kitu ambacho Stefani hafanyi, anaweka sauti yake mwenyewe juu ya picha, anasimulia, taratibu, karibu na mashairi. Wakali wa dokumentari ya kutazama watakwambia hiyo tena sio kutazama, ukishasimulia umeshamwambia mtu afikirie nini. Wana hoja. Mimi mwenyewe kuna sehemu natamani anyamaze aniache na yule mzee na lile rundo la udongo. Ila bila hiyo sauti sidhani kama mtu wa nje ya Ugiriki angeshika uzi, mambo ni mengi mno, na mzee mwenyewe hatoi maelezo.

Tatizo la hii kwetu sisi ni maandishi ya chini. Sauti inasimulia kwa Kigiriki kizito, sabtaito inakimbia kukifuata, na picha ndo hizo za kutazamwa kwa utulivu, sasa macho yako yanagombaniwa. Nashauri uiangalie mara mbili, ya kwanza usome, ya pili uache kusoma. Najua hakuna mwenye muda huo. Lakini kama unao, hii ndo itakayokaa na wewe muda mrefu.

Mnaosomea uigizaji mtauliza hawa wa chuo je, waigizaji wa kweli, wana nafasi gani huku? Ugiriki ni nchi ya theatre, shule ya Theatre ya Taifa ipo toka 1930, chama cha waigizaji kipo toka 1917, na hawa watu wanapigania kazi yao, amri ya rais namba 85 ya 2022 ilipowashusha diploma zao zikahesabiwa kama za sekondari walifunga shule na kuvamia majumba ya theatre mwanzoni mwa 2023. Kwa hiyo waigizaji wapo na wana njaa ya kazi. Dokumentari ya kutazama haiwahitaji sana, huo ndo ukweli mchungu, kwa sababu ukimpa kamera mtu aliyefundishwa atakupa kile alichofundishwa.

Njia inayofanya kazi ni kuwarekodi wakiwa kazini. Stefani huyohuyo kafanya hivyo na "Bull's Heart", anamfuata Dimitris Papaioannou, yule aliyetengeneza ufunguzi wa Olimpiki ya Athens 2004, pamoja na wachezaji wake wakiandaa onyesho katikati ya korona. Wale miili yao ndo kazi yao, wamezoea kuangaliwa, lakini wamezoea kuangaliwa jioni kwenye taa, sio saa nne asubuhi wakikosea hatua ileile na jasho limeshakauka mgongoni. Hapo mchezaji wa kulipwa anageuka mtu wa kawaida, na mama mwenye danguro, asiyelipwa, anaonekana msanii. Ukiangalia hii baada ya Dimitra utaona ni macho yaleyale ya dairekta, subira ileile, ila vitu vinatoka kwa upande wa pili.

Na kuna waliokwenda kinyume, wakamtoa mtu wa kawaida wakampandisha jukwaani. 2016 pale Onassis Stegi, kituo cha sanaa cha Athens, kulikuwa na onyesho "Kathari Poli" la Anestis Azas na Prodromos Tsinikoris, wanawake wahamiaji wanaofanya kazi ya usafi wenyewe wamesimama wanasimulia maisha yao, moja kwa moja, mmoja wao katoka Afrika Kusini. Likazunguka Ulaya. Hiyo ni theatre, ila kama swali lako ni jinsi mtu anavyokuwa yeye mwenyewe mbele ya watu usiku baada ya usiku, watu wa aina ya Dimitra wako pale.

Haya, kuchagua. Kama unaigiza au unataka kuanza kupiga dokumentari zako hata kwa simu, chukua Dimitra, usijiulize mara mbili, na angalia jinsi dairekta anavyovumilia ukimya, maana sisi wengi mtu akinyamaza sekunde tatu tunakata. Kama mko kundi, mna sehemu ya kukaa na mnapenda mabishano, chukua meya, na mtu mmoja aandae swali la wale wanawake wa Klin mapema kwa sababu wanaume mkikaa wenyewe mtalisahau. Panagiotis mwekee siku uko peke yako, hujachoka, simu iko chumba kingine. Na kama unaangalia na mama au na watu ambao hawapendi vitu vizito, achana na wote watatu, tafuta ile ya Marianna Economou ya 2019 ya binamu wawili na mabibi wa kijijini wanaopanda nyanya na kuzipigia muziki wa Wagner, yule mtunzi wa opera, kwa spika shambani, ni nyepesi, inachekesha bila kumdhalilisha mtu, na Ugiriki iliipeleka Oscar mwaka huo. Mimi binafsi naona imepangwa kidogo kuliko hizi nyingine, wale bibi wanajua wanapendwa, lakini siku zingine hicho tu ndo unachotaka.

Kuzipata sio rahisi kama muvi za Netflix, nisikudanganye. ERTFLIX, platifomu ya bure ya televisheni ya taifa ya Ugiriki, huwa inaweka dokumentari nyingi ila baadhi zinafunguka ukiwa ndani ya Ugiriki tu, na tamasha la dokumentari la Thessaloniki, ambalo lipo toka 1999 na hufanyika Machi, ndo mahali ambapo nyingi ya hizi huanzia, kwa hiyo fuatilia majina ya madairekta pale badala ya kutafuta majina ya muvi, maana jina la Kigiriki likishaandikwa kwa herufi zetu kila mtu analiandika kivyake. Stefani mtafute kwa jina lake, ana kazi fupifupi nyingi za kabla ya Dimitra, nyingine hazifiki saa moja, na kama huna uhakika kama utaipenda hii staili kabisa, anza na moja ya hizo kabla hujatafuta ile ndefu.